Badilisha Jambo Moja Tu: Maneno kwa Wanaoonja Sake kwa Mara ya Kwanza

Hotuba hii niliitoa Nada, mjini Kobe, Japani, mbele ya wageni wanaozungumza Kiswahili, kabla hawajaanza kuonja sake, pombe ya mchele ya Wajapani. Naiweka hapa yote kwa ajili ya wale ambao hawakuweza kufika.

Wazee wangu, dada zangu, kaka zangu, karibuni Nada. Wakubwa shikamooni, wadogo hamjambo.

Najua mmetembea sana tangu asubuhi, kwa hiyo kaeni, vueni makoti, pumzikeni. Vikombe viko mezani na naona mnavitazama. Vitazameni tu kwanza. Ndani, chini kabisa, kuna miviringo miwili ya buluu juu ya kauri nyeupe. Miviringo hiyo ina kazi. Ule weupe unakuonyesha rangi ya sake, kama ni nyeupe mfano wa maji au ina umanjano kidogo. Na pale buluu inapokutana na nyeupe, ukiona mpaka umekatika sawasawa, sake ni angavu. Ukiona mpaka umefifia, kuna kitu kinaelea ndani yake. Hicho ndicho kikombe cha waonjaji wa kazi hapa Japani, na kile kikubwa chenyewe hujaa mililita 180. Cha kwenu ni kidogo, na kimewekwa kidogo kwa makusudi.

Kuna swali ninaloulizwa na karibu kila mgeni: sake iliyo bora kuliko zote ni ipi? Ndugu zangu, naomba tuliweke kando swali hilo. Anayeanza hana pa kulishikia. Hata bingwa akimjibu, atabaki na jina la chupa tu, na ulimi wake utakuwa haujajifunza kitu. Mimi nawapa swali jingine: hii inatofautiana vipi na ile?

Ulimi hujifunza kwa kulinganisha. Mpe mtu kikombe kimoja, atakwambia "ni nzuri" au "ni kali", basi. Mpe viwili vilivyopishana kwa jambo moja tu, utashangaa maneno yatakayomtoka. Jambo moja tu. Maji yakiwa tofauti, mengine yote yafanane. Joto likiwa tofauti, chupa iwe ile ile. Jambo moja tu! Nitalirudia hilo tena na tena.

Na hili sikulitunga mimi. Limetoka hapa hapa mlipokaa.

Wakati wa utawala wa Edo, kwa kumbukumbu za Nada ni mwaka 1840, alikuwapo mtengenezaji wa sake aitwaye Yamamura Tazaemon. Alikuwa na viwanda viwili. Kimoja kilikuwa Uozaki, kijiji ambacho leo ni mtaa wa Kobe na mna kituo chake cha treni. Kingine kilikuwa Nishinomiya, upande wa mashariki. Kila msimu sake ya Nishinomiya ilitoka nzuri kuliko ya Uozaki. Mwenye mali ni yule yule, utengenezaji ni ule ule. Sasa ingekuwa wewe ungefanyaje? Ungefukuza wafanyakazi? Ungesema Uozaki pana mkosi?

Tazaemon alifanya kazi kwa subira. Kwanza alitumia mchele wa aina moja pande zote mbili. Hakuna kilichobadilika. Akabadilishana mafundi, wa huku wakaenda kule. Hakuna kilichobadilika. Mwisho akachota maji ya kisima cha Nishinomiya, akayajaza kwenye mapipa, akayasafirisha mpaka Uozaki, akatengenezea sake. Msimu ule sake ya Uozaki ikasimama sawa na ya Nishinomiya.

Yalikuwa maji. Maji hayo yanaitwa Miyamizu mpaka leo. Habari zilipoenea, viwanda vingine vya Nada navyo vikayataka, na wenye visima kule Nishinomiya wakapata biashara mpya ya kuuza maji. Baadaye wanasayansi wakaja na vipimo, wakakuta yana madini mengi ambayo hamira huyapenda, fosforasi na potasiamu, na chuma kilichomo ni kidogo mno. Chuma ni adui wa sake. Huipa rangi mbaya na kuiharibu ladha. Tazaemon hakuwa na maabara. Alikuwa na ulimi, na alikuwa na nidhamu ya kubadilisha jambo moja na kuacha mengine yalivyo. Mbinu yake ndiyo ninayowapa leo.

Msidhani maji peke yake ndiyo yaliyoifanya Nada kuwa Nada. Tokeni nje mtazame kaskazini: ile ni milima ya Rokko. Mito yake inateremka kwa kasi mpaka baharini, na zamani ilizungusha magurudumu ya maji yaliyokoboa mchele vizuri kuliko mguu wa mtu. Upepo wake wa baridi wakati wa kipupwe ulipoza viwanda. Na bahari hii hapa chini ndiyo iliyobeba mapipa kwa merikebu mpaka Edo, mji ambao leo ni Tokyo. Mpaka sasa karibu robo ya sake ya Japani inatoka Nada. Na watu wake wamepita mazito. Tarehe 17 Januari 1995, saa 11 na dakika 46 alfajiri, tetemeko lilipoipiga Kobe, viwanda vingi vya zamani vya mbao vilianguka. Makumbusho ya Sawanotsuru, yaliyokuwa ndani ya jengo la zamani la kutengenezea sake, yalibomoka yote. Yakajengwa upya na kufunguliwa mwaka 1999. Mkipata muda nendeni mkayaone, yako karibu na kituo cha Oishi. Nawaomba kwa moyo wangu wote mwende.

Turudi kwenye maji, maana hadithi yake haijaisha.

Maji ya Nada ni magumu kwa kiwango cha Japani. Maji magumu huilisha hamira, uchachushaji unakwenda kwa nguvu, sake inatoka kavu na yenye msimamo. Sasa vipi mtu aliyezaliwa penye maji laini? Akate tamaa? Huko Akitsu, mkoani Hiroshima, alikuwapo mtu aitwaye Miura Senzaburo. Alianza kutengeneza sake na ikawa inamharibikia pipani. Akaja Nada kujifunza, akarudi nyumbani, akafanya kama alivyoona Nada, na bado ikaharibika. Akagundua kwamba maji ya kwao si maji ya Nada, na kwamba njia iliyofaa kule haiwezi kufaa kwake. Akabadilisha mwendo: koji, kuvu ya mchele nitakayowaeleza baadaye, ikuzwe vizuri mpaka ndani ya punje, uchachushaji uende polepole, kwenye baridi. Mwaka 1898 akaichapisha mbinu yake yote wazi ili wenzake wa Hiroshima waitumie. Nasema tena: aliichapisha wazi. Mwaka 1907, katika mashindano ya kwanza ya kitaifa, sake za Hiroshima zilichukua nafasi za juu, na nchi nzima ikashangaa.

Ndiyo maana jozi yenu ya kwanza mezani ni hii. Kikombe cha kwanza ni sake ya Nada. Cha pili ni ya Fushimi, kusini mwa Kyoto, ambako maji ni laini zaidi. Zote mbili ni za mchele mtupu bila kilevi cha kuongeza, mchele umekobolewa kwa kiwango kinachokaribiana, na zimepozwa sawa. Piga funda dogo la kwanza, tulia, kisha la pili. Iulize midomo yako: ipi imesimama wima, ipi imelala? Ipi imekatika haraka, ipi imebaki?

Mtasikia watu wakiita sake ya Nada ya kiume na ya Fushimi ya kike. Ni majina ya zamani na mtayakuta hata kwenye vibao vya maonyesho. Mimi siyatumii. Kwa karne nyingi wanawake walikatazwa hata kuingia kwenye vyumba vya kutengenezea sake, na leo wapo wanawake wanaoongoza viwanda. Kule kule Akitsu kwa Miura, yuko mama aitwaye Imada Miho, fundi mkuu wa kiwanda cha familia yake mwenyewe, ambaye pia amefufua aina ya mchele ya zamani ya Hiroshima iitwayo Hattanso. Mwaka 2020 BBC ilimtaja katika orodha yake ya wanawake 100 wa dunia. Nikimwonja yeye kwenye kikombe, neno "ya kike" kwa maana ya laini na dhaifu linakosa pa kukaa.

Sasa ngoja niwaulize jambo. Mchele unakuwaje pombe? Zabibu nazielewa, zina sukari, hamira inaila sukari na kutoa kilevi. Lakini mchele ni wanga, na hamira haili wanga. Ndugu zetu wa Kilimanjaro wanalijua tatizo hili vizuri: ulezi nao ni wanga, ndiyo maana unaloweshwa, unachipua, unakuwa kimea, kabla haujaingia kwenye mbege. Lakini mchele uliokobolewa umeshapoteza kiinitete chake, hauwezi kuchipua tena. Wajapani walipita njia nyingine. Walitumia kuvu.

Kuvu hiyo ni koji. Mchele unapikwa kwa mvuke, unapoa kiasi, unatandazwa kwenye chumba chenye joto la zaidi ya nyuzi 30, kuta zake za mbao, kisha fundi ananyunyiza juu yake vumbi la kijani lililo laini kama poda. Kwa muda wa siku 2 hivi watu wanazunguka na kuugeuza, usiku na mchana, wanaupima kwa mkono. Mwisho kila punje imevaa weupe, na ukiitafuna ni tamu, ina harufu ya njugu. Niliruhusiwa kutafuna chache, na nawaambia kweli, kabla ya siku ile nilikuwa nimesoma habari za koji bila kuzielewa.

Kuanzia hapo koji, mchele, maji na hamira vinaingia pipa moja. Koji inageuza wanga kuwa sukari, na papo hapo hamira inageuza sukari kuwa kilevi. Mambo mawili, pipa moja, wakati mmoja. Kwa sababu hiyo sake inafika karibu asilimia 20 ya kilevi bila kukenekwa kama konyagi, halafu watengenezaji wengi huongeza maji mpaka ibaki 15 au 16. Ndugu zangu, 15 ni mara tatu ya bia ya kawaida. Inashuka taratibu, ni laini, haikuchomi, na hapo ndipo wageni wengi wanaposahau.

Desemba 2024 UNESCO iliuingiza ujuzi huu wa Japani wa kutengeneza sake na vileo vingine kwa koji katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika. Niliposikia nilifurahi kwa ajili ya wale wazee wanaoamka usiku.

Na hapa nina ombi kwa mtakaotembelea viwanda kesho. Msile natto asubuhi. Ile soya iliyochachuka inayonata, inayotolewa kwenye kifungua kinywa cha hoteli, isubiri siku nyingine. Bakteria wake ni wakali, wanastahimili, na wakiingia chumba cha koji wanaweza kuiharibu kazi ya msimu. Wafanyakazi wenyewe huacha kuila kwa miezi yote ya kazi. Na manukato pia yaacheni hotelini, si kwa kiwandani tu. Mtu mmoja akijipulizia marashi, meza nzima haisikii tena harufu ya sake.

Kabla sijaendelea, naona hapa wamo ndugu zetu Waislamu, wamo wasiokunywa kwa sababu zao, na yuko dada yetu mjamzito. Mmekuja kuwasindikiza wenzenu na mnastahili kikombe chenu. Ndani ya vile vikombe vya udongo kuna amazake, kinywaji kitamu, kizito kidogo, kilichotengenezwa kwa koji na mchele bila hamira. Utamu wote huo hauna sukari ya kuongeza. Ni koji imeukata wanga. Lakini sikilizeni vizuri: kuna amazake ya aina mbili. Ya koji haina hamira, na haitengenezwi kuwa pombe. Ya pili hutengenezwa kwa machicha yaliyobaki baada ya kukamua sake, na hiyo inaweza kuwa na kilevi. Dukani na hekaluni ulizeni kabla ya kunywa: ni ya koji, au ni ya machicha, yaani sakekasu? Hii ya hapa nimeihakikisha mwenyewe, ni ya koji.

Jozi ya pili. Hii inahusu kukoboa mchele, na hapa ndipo pochi za wageni zinapoumia.

Punje ya mchele wa sake ni kubwa kuliko ya mchele wa kula, na katikati ina kiini cheupe cha wanga. Mchele maarufu kuliko yote, Yamada Nishiki, ulizalishwa hapa hapa mkoani Hyogo na kupewa jina lake mwaka 1936. Nje ya punje kuna mafuta na protini. Vikiwa vingi vinaleta uzito na ladha nyingine nyingi. Vikipungua, sake inakuwa nyepesi na harufu ya matunda inajitokeza. Kwa hiyo mchele hukobolewa, hukobolewa, hukobolewa. Mwaka 1896, huko Saijo, Hiroshima, Satake Riichi alitengeneza mashine ya kukoboa mchele inayoendeshwa kwa nguvu ya mota, na mashine za namna hiyo zilivyozidi kuboreshwa ndivyo mchele ulivyoweza kukobolewa mpaka punje ikabaki kama lulu ndogo.

Kwenye lebo mtaona asilimia. Ikiandikwa 60, maana yake imebaki asilimia 60 ya punje, na 40 imeondolewa kama pumba. Ikibaki 60 au chini yake, inaweza kuitwa ginjo. Ikibaki 50 au chini yake, daiginjo. Neno junmai likiwepo, maana yake hakuna kilevi kilichoongezwa, ni mchele, koji, maji na hamira tu. Lisipokuwepo, kimeongezwa kilevi kidogo, kwa kiwango kilichowekwa na sheria. Wageni wengi wakisikia hivyo wanakunja uso, wanadhani wamepunjwa. Hapana. Kwenye daiginjo fundi anaongeza kidogo mwishoni kwa sababu harufu nyingi hushikamana na kilevi. Kinazitoa kwenye machicha na kuzileta kwenye sake.

Sasa kikombe cha tatu na cha nne vinatoka kiwanda kimoja, mchele wa aina moja, hamira moja, zote ni junmai. Kimoja kimebaki asilimia 70, kingine 50. Jambo moja tu! Kabla hujaonja, nusa. Usitikise kama mvinyo, sogeza pua tu. Kikombe cha nne kwa wengi wenu kitatoa harufu ya ndizi mbivu. Msishangae na msiogope kulisema. Hamira ikifanya kazi kwenye baridi juu ya mchele uliokobolewa sana hutoa isoamili asetati, na hiyo hiyo ndiyo inayotoa harufu kwenye ndizi iliyoiva. Wenzetu wa Ulaya hunusa wakasema tikiti au pea. Sisi tumekulia penye ndizi. Tuna msamiati wetu na tuutumie. Mama mmoja kutoka Bukoba aliwahi kusimama kwenye meza kama hii akasema, "Hii ni ndizi iliyokaa siku moja zaidi ya ile." Mwenyeji wa kiwanda alipotafsiriwa, aliinamisha kichwa, akaenda kuleta chupa nyingine ili mama yule aendelee.

Je, asilimia 50 ni bora kuliko 70? Bei itakwambia ndiyo, maana mchele mwingi umekwenda na kazi ni kubwa. Ulimi wako unaweza kusema hapana. Mtu anayependa kula samaki wa kuchoma na sake pembeni mara nyingi ataikumbatia ile ya 70, ina mwili, ina uchachu kidogo, inabeba chakula. Daiginjo kali ya harufu mbele ya samaki yule inapiga kelele. Nimeona watu wakinunua chupa ya yen 10,000 wakaipeleka nyumbani, wakainywa na nyama choma yenye pilipili, wakasema sake haina ladha. Ilikuwa na ladha. Ilikosa mahali pa kusikika.

Jozi ya tatu ndiyo ninayoipenda kuliko zote, na ni rahisi kuliko zote, kwa sababu ni chupa moja. Kikombe cha tano ni sake baridi, nyuzi 10. Cha sita tutakileta baadaye, sake ile ile, imepashwa mpaka nyuzi 40. Chupa ile ile, mkono ule ule. Jambo moja tu.

Huko nje kuna dhana kwamba sake hupashwa moto ili kuficha ubaya wake. Wanaosema hivyo walipewa sake iliyochemshwa kwenye mikrowevu mpaka ikawachoma pua. Kupasha ni kazi ya adabu. Sake inatiwa kwenye chupa ndogo ya kauri, tokkuri, chupa inasimamishwa ndani ya maji ya moto yaliyoondolewa jikoni, na mtu anasubiri akiigusa kitako kwa kidole. Wajapani wana majina ya karibu kila nyuzi 5, kuanzia baridi ya theluji mpaka ile inayounguza. Nurukan, nyuzi 40, ndiyo ya kuanzia. Joto linaamsha utamu na ule ukolezo wa supu wanaouita umami, na linalainisha uchachu. Sake zilizotengenezwa kwa njia ya kale ya kimoto, ambako mafundi waliponda mchele na koji kwa makasia huku wakiimba, na wimbo ukawa ndio saa yao, nyingi zinangojea joto ndipo ziseme.

Kuna Mwingereza aitwaye Philip Harper aliyekuja Japani mwaka 1988 kufundisha Kiingereza. Akaipenda sake, akaingia kiwandani kama kibarua wa kipupwe, akabeba magunia, akaosha mchele kwenye maji ya barafu. Mwaka 2001 alifuzu kuwa toji, fundi mkuu, wa kwanza asiye Mjapani. Leo anaongoza utengenezaji wa sake ya Tamagawa huko Kyotango, kaskazini mwa mkoa wa Kyoto. Sake zake nyingi ni nzito, zinasifika zikipashwa. Na mtu huyo huyo hutengeneza nyingine ya kiangazi, Ice Breaker, ya kunywa na mabonge ya barafu. Fundi mmoja anazijua ncha zote mbili za kipimajoto, sasa kwa nini mgeni ajifungie kwenye baridi tu? Mkiwa mgahawani, agizeni sake moja kwa joto mbili. Ombi hilo halimuudhi mtu. Mara nyingi mwenye duka atafurahi kuona mgeni anauliza.

Sasa haraka haraka mambo ya mezani.

Kuonja: tazama, nusa, chukua funda dogo, liache litembee ulimini, vuta hewa kidogo, kisha toa pumzi puani. Harufu ya pili, ile inayopita puani kutoka ndani, mara nyingi ni tofauti na ya kwanza. Halafu tema. Ndiyo, tema! Vyombo vya kutemea vimewekwa kwa ajili hiyo, na waonjaji wakubwa wote hutema. Hakuna atakayekuona huna adabu.

Maji: kila kikombe cha sake kifuatiwe na maji. Wajapani wana jina la maji hayo ya pembeni, yawaragi mizu, na yanaletwa bila malipo. Kuleni kitu pia. Anayeonja tumbo tupu huwa na kesho mbaya.

Mkienda kula na wenyeji, usijimiminie. Mmiminie jirani, naye atakumiminia wewe. Inua kikombe chako anapokumiminia. Ukiwa umetosheka, acha kikombe kikiwa kimejaa, nao wataelewa. Mkiwekewa glasi ndani ya kisanduku cha mbao na sake ikafurika mpaka kisandukuni, si ajali, ni ukarimu wa mwenye duka. Kunywa ya glasi kwanza, kisha ya kisanduku. Na mgahawani ombeni nihonshu, ili mhudumu ajue mnataka hii ya mchele.

Sheria: umri wa kunywa hapa ni miaka 20, ingawa utu uzima kisheria ni 18 tangu 2022. Dereva asinywe hata tone, na anayempa dereva pombe, au anayepanda gari lake akijua amelewa, naye anaadhibiwa. Nyie wanafunzi wenye baiskeli, sikieni: tangu Novemba 2024 adhabu ya kuendesha baiskeli ukiwa umekunywa imekazwa. Rudini kwa treni.

Na mtakaoendelea na safari: Echigo-Yuzawa, mkoani Niigata, ndani ya kituo cha treni kuna ukumbi wenye mashine zaidi ya 100, kila moja na sake yake ya mkoa huo, unanunua sarafu za ukumbini, unachagua. Saijo, viwanda vimepangana karibu na kituo, mnatembea kwa miguu kutoka bomba la moshi moja hadi jingine. Fushimi ni safari fupi kutoka Kyoto. Mkiona tufe la matawi ya mwerezi limening'inia mlangoni, hapo panatengenezwa au panauzwa sake. Likiwa la kijani, sake mpya ya msimu imekamuliwa. Mkinunua chupa ya kupeleka nyumbani, chukueni ndogo, ya mililita 300, mbili zinazotofautiana. Iliyoandikwa nama haijapashwa kuua vijidudu, inataka friji muda wote, kwa hiyo msiisafirishe na ndege ya masaa mengi. Inyweni hapa hapa.

Haya, vikombe. Kaeni wawili wawili, kila mtu na asiyemfahamu: Mombasa na Bukavu, Dodoma na Kigali. Anzeni na jozi ya kushoto, Nada kwanza, Fushimi pili, kisha rudini Nada. Kila mmoja aandike maneno yake bila kumchungulia mwenzake, kwa Kiswahili, kwa Kihaya, kwa Kikuyu, lugha yoyote aliyolelewa nayo kinywa chake. Amazake zinakuja upande wa dirishani. Baada ya nusu saa tutasomeana, na nitaanza na jozi ya watu ambao hawakukubaliana.